Mtu Ambaye Kazi Yake Ni Kushitaki



Katika miji yetu karatasi ndogo inaweza kuharibu usingizi wa nyumba nzima. Mtoto anaileta kutoka mlangoni, imekunjwa mara mbili, na juu yake kuna muhuri wa parke: konvokasiyo. Hata kama hakuna mtu aliyeiba, hata kama hakuna aliyepigana, baba anaanza kujiuliza: ni nani aliyenichukia? Franga za kutokea humo zitapatikana wapi? Tena majirani, ambao jana tu walikuja kuomba chumvi, leo wanapita mbali na mlango. Yule aliyetuma karatasi, prokirere, hatumjui uso. Tunajua jina la kazi yake, na jina hilo linatosha kutuogopesha.

Kwa hiyo hatukushangaa wakati binti mmoja wa kanisa letu, aliyemaliza masomo ya sheria, alipotujia na swali. Aliuliza kama ni vema aombe kazi katika parke. Mama yake alikuwa amekataa. Alimwambia: mwanangu, katika Maandiko mshitaki ni nani? Soma Ayubu, soma Zakaria, uone ni nani anayesimama kando ya mtu ili kumshitaki. Kuwa avoka, uwatetee watu. Kuwa mwamuzi kama Mungu akikupa nafasi. Lakini kula mkate wa kila siku kwa kushitaki wenzako, hapana!

Mama huyo hakusema maneno ya bure. Sisi watoto wa kanisa la nabii tunakumbuka mwaka 1921 huko Thysville, tribinali ya kiaskari ilipomhukumu Simon Kimbangu kufa, naye hakuwa na avoka wa kumtetea. Mfalme Albert alibadilisha azabu ile kuwa kifungo cha maisha, na mwaka 1951 akafa gerezani Elisabethville, baada ya miaka 30. Watu waliopokea urithi wa namna hiyo hawawezi kuisikia kazi ya kushitaki kama wanavyoisikia wengine.

Hata hivyo hatukutaka kumjibu binti yetu kwa haraka. Tulitafuta maisha ya mtu mmoja aliyeifanya kazi ile miaka mingi sana, katika mji mkubwa sana, ili tuyatazame pamoja naye. Si mtu wa kwetu, wala si wa kanisa letu. Alikuwa Muyuda wa New York, jina lake Robert Morgenthau.

Alizaliwa mwaka 1919 katika jamaa ya wakubwa. Babu yake alikuwa balozi wa Marekani huko Uturuki, na katika vita ya kwanza aliandikia Leta yake juu ya mauaji ya Waarmenia wakati wengine walinyamaza. Baba yake alikuwa waziri wa fedha wa Rais Roosevelt. Mtoto wa nyumba kama hiyo angeweza kukaa na kula mali ya wazee wake. Lakini vita ya pili ilimkuta kijana, akaingia jeshi la majini. Tarehe 20 Aprili 1944, ndege za Wajerumani zilipiga manowari yake, Lansdale, karibu na pwani ya Algeria, nayo ikazama. Morgenthau alielea usiku ndani ya maji kwa saa nyingi. Alipokuwa mzee alipenda kuwasimulia watu kwamba usiku ule alimwahidi Mwenyezi Mungu kuwa, akiokoka, ataifanya kazi yenye faida kwa watu. Tena aliongeza kwa kicheko kwamba saa ile hakuwa na kitu mkononi cha kubishana bei.

Wengi wetu tumeahidi mambo katika ugonjwa, na tulipopona tukayasahau. Yeye alitumia maisha yake yote kulipa ahadi ile, na ajabu ni kwamba aliilipa kwa kushitaki.

Kwanza Rais Kennedy alimweka mwaka 1961 kuwa prokirere wa Leta kuu kwa upande wa kusini wa jimbo la New York. Aliikaa kazi hiyo mpaka mwanzo wa mwaka 1970, isipokuwa miezi michache ya mwaka 1962 alipoiacha ili kutafuta ugavana, akashindwa. Rais Nixon ndiye aliyemsukuma kutoka. Halafu mwaka 1974 wakaaji wa Manhattan walimchagua kwa kura kuwa prokirere wao, na tangu Januari 1975 mpaka mwisho wa mwaka 2009 hakuondoka: miaka 35. Frank Hogan, aliyeshika kazi hiyo zamani kabla yake, alikuwa amekaa miaka 32. Sisi Wakongo tunajua miaka 32 ya mtu mmoja kwenye kiti ni nini, kwa hiyo tuliposoma hesabu hiyo tulitikisa kichwa. Lakini tofauti ipo: hawa walirudi mbele ya wapiga kura kila baada ya miaka minne.

Hapa inafaa tueleze jambo moja, maana wengine watachanganya. Kwetu prokirere hachaguliwi na raia. Ni magistra, anayewekwa na Rais wa Republika, na tangu Katiba ilipobadilishwa mwaka 2011, parke iko chini ya mamlaka ya waziri wa sheria. Kwao katika Manhattan prokirere anaomba kura kama mbunge. Watu wengine watasema: heri kwao. Tusikimbilie. Prokirere wa kwetu anaweza kumwogopa mkubwa aliye juu. Prokirere wa kwao anaweza kuuogopa umati ulio chini. Na umati, wapendwa, unaweza kuwa bwana mkali kuliko waziri.

Kazi aliyoifanya ilikuwa kubwa. Wakati alipoanza, watu zaidi ya 600 waliuawa Manhattan kwa mwaka mmoja. Wakati alipoacha hawakufika 100. Hatusemi kwamba ni yeye peke yake aliyeleta badiliko hilo, kwa sababu polisi, uchumi na mambo mengine yalikuwemo, na wajuzi wanabishana mpaka leo. Chini yake walifanya kazi wanasheria zaidi ya 500. Mmoja aliyemwajiri mwaka 1979 alikuwa binti wa wazazi kutoka Puerto Rico, Sonia Sotomayor, ambaye mwaka 2009 aliingia katika Tribinali Kuu ya Marekani.

Tena hakutosheka kuwakamata wezi wa njiani. Alikuwa na kawaida ya kusema kwamba mwizi wa ofisi asiachwe wakati mwizi wa soko anafungwa. Mwaka 1991 alishitaki benki kubwa iliyoitwa BCCI, iliyokuwa na matawi katika nchi nyingi, hata za Afrika, nayo ilikuwa imekula fedha za watu na kuficha fedha chafu. Leta kuu ya Washington ilikwenda polepole katika jambo hilo, lakini prokirere huyu wa mji mmoja alisukuma mbele. Wenye akiba zao katika Afrika, waliopata habari siku ya tano ya Julai mwaka ule kwamba milango imefungwa, hawakurudishiwa mali yao na mashitaka yale. Lakini angalau kuna mtu aliyeuita wizi kwa jina lake.

Ndiyo, mpaka hapa mnaweza kufikiri tunataka kumsifu tu. Basi, tugeuze ukurasa.

Katika mambo ya benki ile alimshitaki Clark Clifford, mzee aliyewahi kuwa waziri wa ulinzi, pamoja na mwenzake wa kazi. Mwenzake alisimama mbele ya tribinali mwaka 1993, na wananchi waliokaa kusikiliza wakasema hana hatia. Mzee mwenyewe hakuhukumiwa kamwe, kwa sababu moyo wake ulikuwa mgonjwa, na mashitaka yakaachwa. Zamani, katika miaka ya 1960, alimshitaki avoka mmoja wa New York aliyekuwa na jina baya, Roy Cohn, si mara moja, na kila mara Cohn aliachiliwa. Cohn alisema ni kisasi cha jamaa. Hatuwezi kuingia ndani ya moyo wa mtu. Lakini tunajua kwamba anayeshitakiwa na kuachiliwa harudi nyumbani akiwa yule yule. Mzee mmoja wa parokia yetu alifungwa kasho siku 19 kwa neno la uongo la jirani. Alitoka, dosiye ikafungwa, hakuna azabu. Mpaka leo, kitu kikipotea mahali, mtu fulani anamtazama. Yeye alituambia kwamba hataki malipo. Anachotaka ni kwamba yule aliyemweka ndani aje kiwanjani kwake, mbele ya majirani, aseme: tulikosea. Hajaja.

Neno hilo la mzee ndilo lililotufanya tusome kwa makini jambo la bustani ya Central Park.

Tarehe 19 Aprili 1989, usiku, mwanamke wa miaka 28 aliyekuwa akikimbia mazoezi katika bustani ile alipigwa vibaya, akanajisiwa kwa nguvu na kuachwa karibu ya kufa. Siku nyingi alilala bila kujua kitu, na alipopona hakukumbuka chochote cha usiku ule. Mji wote uliwaka kwa hasira. Tajiri mmoja, Donald Trump, ambaye baadaye alikuwa rais, alilipa magazeti yatangaze kwamba azabu ya kifo irudishwe. Polisi walikuwa wamekwisha kushika vijana watano wa miaka 14 mpaka 16, wanne weusi na mmoja wa asili ya Amerika ya Kusini na visiwa vyake. Waliulizwa saa nyingi, usiku na mchana. Wanne wakakubali mbele ya kamera. Halafu wakakana, wakisema walichoka, waliogopa, na waliambiwa kwamba wakisema watarudi kwao.

Maneno yao hayakupatana: juu ya mahali, juu ya saa, juu ya silaha, hata juu ya nani alifanya nini. Tena kulikuwa na jambo zito kuliko hilo. Alama ya mwili iliyopatikana kwa yule mwanamke, ile wanayoita ADN, haikuwa ya yeyote kati ya watano. Hilo lilijulikana kabla ya hukumu. Ofisi ya Morgenthau iliwaambia wasikilizaji kwamba basi kulikuwa na mtu mwingine aliyeponyoka, lakini hawa pia walikuwepo. Mwaka 1990, katika mashauri mawili, wote watano wakahukumiwa. Wakakaa gerezani, wengine karibu miaka saba, na mkubwa wao, Korey Wise, karibu miaka 13.

Mwaka 2002 mfungwa mmoja, Matias Reyes, alisema: ni mimi, tena nilikuwa peke yangu. ADN ilikuwa yake. Alikuwa amekamatwa mwaka ule ule wa 1989 kwa kubaka wanawake wengine na kumwua mmoja. Maana yake, kwa miaka 12 na zaidi jibu lilikuwa limelala ndani ya gereza lao wenyewe.

Sasa mtazameni prokirere. Ana miaka 83. Jina lake linaheshimiwa. Polisi wanamwambia asibadilishe kitu. Watu wa ofisi yake waliopata sifa kwa shauri lile hawataki liguswe. Vijana wamekwisha kutumikia vifungo vyao. Angeweza kusema, mambo yamepita. Tena kwa sheria yao muda wa kumshitaki Reyes kwa kosa lile ulikuwa umekwisha, kwa hiyo hapakuwa na mtu mpya wa kuhukumu. Angefaidika nini? Lakini alituma wanasheria wake kuchunguza upya kazi ya ofisi yake mwenyewe. Mwezi wa Desemba 2002 waliandikia mwamuzi kurasa 58, wakionyesha moja kwa moja namna maneno ya vijana yalivyokuwa yamepingana. Na waliomba hukumu zote zifutwe, hata zile za fujo nyingine za usiku ule katika bustani. Tarehe 19 Desemba mwamuzi akazifuta, kwa dakika chache tu. Polisi hawakukubali, wakaandika ripoti yao.

Je, hilo ndilo tunaloita haki? Tumebishana juu yake kati yetu wenyewe tunaotengeneza ukurasa huu. Mmoja alisema: ndiyo, kwa sababu mtu mwenye nguvu aliyejirudi ni wa nadra kuliko mtu mwenye nguvu asiyekosea, na huyu wa pili hayupo. Mwingine alisema: hapana, kwa sababu alijirudi wakati ambapo mtu mwingine alileta kweli na kuiweka juu ya meza yake, ADN ilikuwa imesema mapema, naye hakusikia. Wa tatu aliuliza ni nani atawarudishia vijana wale miaka ya ujana. Mwaka 2014 mji wa New York ulikubali kuwalipa dola milioni 41, bila kukiri kosa. Gawanya fedha zile kwa siku zao za gereza, utapata hesabu. Lakini mama aliyemzika mumewe wakati mtoto amefungwa, hesabu yake inaandikwa wapi?

Sisi tunafikiri kosa kubwa lilianzia mapema kuliko 1990. Lilianzia mahali ambapo mshitaki anasahau kwamba yeye si mtu wa upande mmoja. Avoka anaweza kuwa wa upande mmoja; ndiyo kazi yake. Prokirere anasema kwa jina la watu wote, na yule aliyekaa kwenye benchi ya kushitakiwa ni mmoja wa watu wote. Prokirere akimshinda kwa uongo, amewashinda na wale waliomtuma. Tena kwao Marekani mashauri zaidi ya tisa katika kumi hayafiki hata mbele ya tribinali: prokirere anamwambia mtu, kubali kosa dogo nami nitaacha kubwa, ukikataa utaona miaka mingi. Kwa njia hiyo anakuwa mshitaki na mwamuzi pamoja. Kwetu ni dosiye isiyosonga na kifungo cha kungojea kinachoongezwa mwezi kwa mwezi, mpaka jamaa wanauza baiskeli ili kutoa matabishi. Njia ni mbili, lakini yule anayebanwa analia kwa sauti moja.

Kuna shauri jingine la ofisi ile ile, dogo kwa sifa, lakini lilitugusa zaidi. Mwaka 1990 mlinzi wa mlango wa nyumba ya dansi Palladium aliuawa kwa risasi, na watu wawili wakafungwa. Miaka ilipopita, prokirere mdogo, Daniel Bibb, alipewa kazi ya kuchunguza upya. Alitafuta karibu miaka miwili, na akasadiki kwamba hawa si wao. Wakubwa wake walimwambia aende mbele ya mwamuzi atetee hukumu. Alikwenda. Lakini, kama alivyosema mwenyewe kwa wazi mwaka 2008, alifanya kila awezalo ili ashindwe: aliwaleta mashahidi waliowasaidia wafungwa, na hakuwabana kwa maswali. Baadaye aliacha kazi. Watu wengine walisema ni shujaa. Wengine walisema ni mdanganyifu. Angekataa hadharani, asijifanye kupigana huku akipigania upande mwingine. Na mkubwa wa ofisi, juu yao wote, alikuwa ni Morgenthau yule yule wa kurasa 58.

Kwa hiyo hatuwezi kumtandikia mtu huyu njia moja nyofu. Katika jambo moja tu hatukuona akiyumba. Wakati jimbo lake liliporudisha azabu ya kifo mwaka 1995, aliipinga waziwazi, na ofisi yake haikuiomba kamwe kwa mtu yeyote. Alisema kwamba haifai kitu katika kupunguza uuaji. Sisi tungeongeza sababu nyingine, ambayo mwaka 2002 ilimwonyesha: mwamuzi anaweza kufuta hukumu ya mtu aliye hai kwa dakika chache. Aliacha kazi akiwa na miaka 90, akafa Julai 2019, siku kumi kabla ya kutimiza miaka 100. Mmoja wa wale vijana watano, Yusef Salaam, alichaguliwa mwaka 2023 kuingia katika baraza la mji wa New York, kwa kura za mtaa wa Harlem.

Tulimsomea binti yetu maneno haya yote, mama yake akiwa amekaa karibu. Mama alisema: mnaona, hata aliye bora wao aliwaweka watoto watano ndani. Binti hakumjibu. Alituuliza sisi swali moja tu: kama Reyes angenyamaza, je?

Tulimwambia kweli, kwamba vijana wale wangebaki na jina lile mpaka leo, na yule mzee angezikwa kwa heshima ile ile, bila kujua.

Alikaa kitambo. Halafu akasema kwamba kama ndivyo, ndani ya parke sherti awepo mtu ambaye hatangojea mwenye kosa aje kusema. Mama yake bado hajakubali. Barua ya kuomba kazi ilipelekwa juma lililopita.